Fundi wa Nyuma ya Pazia

Ukikalia kochi lililopita mikononi mwa Binti Fundi, hutaki kuinuka. Mkeo atakuita mpaka koo limkauke. Na makochi tumeyakalia, hatusimuliwi! Baba yake alimfundisha kufunga springi, kukata sponji na kuvuta kitambaa kikakaza kama ngoma. Kaka yake, Mdomo Asali, hakujua hata nyundo hushikwa upande gani. Msimcheke, kila mtu na kipaji chake: huyo angemuuzia kipofu kioo.

Shida wateja. Wakimwona mwanamke na nyundo, wanageuza kisogo. Basi ndugu hao wakafanya ujanja: dada nyuma ya pazia akigonga misumari, kaka mbele akipokea sifa.

"Mikono yako dhahabu, fundi!"

"Ah, kawaida tu, mzee wangu."

Dada huko nyuma akajichekea kimoyomoyo. Kazi iliingia, wote wakala.

Baba alipofariki, baba wadogo wakaketi sebuleni kugawa mali. Karakana wakampa kaka.

"Baba mdogo, kazi naifanya mimi," akasema Binti Fundi.

"Wewe? Kochi langu kanitengenezea huyu kijana, nikampa mkono mimi mwenyewe!"

"Basi mpeni kiti kimoja tu akivalishe kitambaa hapa, mbele yenu."

"Unataka kumvua nguo kaka yako mbele za watu? Kesho utaolewa. Karakana utaitia mkobani uondoke nayo?"

Wakaangua kicheko. Binti akamtazama mama yake. Mama akatazama sakafu. Kaka naye, pamoja na mdomo wake wote, siku hiyo ulimi ulimganda.

Mwezi haukuisha, kaka akapata mnunuzi wa karakana.

"Kaka, niachie hata cherehani."

"Dada yangu, mtu anachukua vyote kwa pamoja. Nifanyeje?"

Mnunuzi akaja, akaipapasa ile cherehani. "Fundi, hii inapita kwenye ngozi nene?"

Kaka akakohoa, akatupia jicho pazia. Akakohoa tena.

"Weka sindano nene, halafu legeza uzi wa juu," ikasema sauti ya nyuma, kabla dada mwenyewe hajawahi kuizuia.

"Nani huyo?"

"Dada yangu. Anatufagilia fagilia hapa."

"Sawa," akasema mnunuzi, akichomoa futi yake mfukoni. "Mwambie atoke basi, nipime chumba."