Jela ya Kikorea Sebuleni Kwangu

Mwenzangu wa ofisini ndiye aliyeniambukiza. Aliniambia kuna tamthilia ya Kikorea kuhusu jela, tena ya kuchangamsha moyo, nikamcheka. Jela na kuchangamka moyo, wapi na wapi? Jioni hiyo hiyo nilianza kuitazama huku napika, na sukuma wiki ikaungua.

Nilitaka sana kujua kilichoninasa ni nini. Hakuna anayechimba shimo ili atoroke. Ni wanaume wazima wamelala sakafuni bega kwa bega, wanagombania nafasi ya karibu na ukuta, wanapikiana tambi kwa maji ya moto ya kuiba. Mmoja akipata habari mbaya kutoka nyumbani, wengine wote hujifanya wamelala ili alie kwa amani. Nililia naye, mimi ambaye sina mtu jela.

Wakati huo baba alikuwa kwangu hapa mtaa wa Dallas, mjini Embu. Alikuwa ametolewa mtoto wa jicho, na daktari hakutaka arudi Kiritiri kwenye vumbi na mbuzi wake kabla hajapona. Baba ni askari jela mstaafu. Tulilelewa katika nyumba za askari, ukuta wa jela ukiwa jirani yetu, na bado sikuwa najua hata kisa kimoja cha kazi yake. Alikuwa akirudi, anaoga kwanza, ndipo anatusalimu. Marehemu mama alituambia tusimuulize. Kwake ilikuwa funika kombe mwanaharamu apite.

Kwa hiyo nilitarajia aniambie nizime. Badala yake alisogeza kiti. Maandishi ya Kiingereza chini ya picha yalimshinda kusoma, ikabidi niwe namtafsiria kwa Kimbeere, lugha yetu ya nyumbani. Wakorea wakaanza kutukanana kwa Kimbeere sebuleni kwangu, na kwa kweli waliiweza lugha.

"Hawa wamenona," baba alisema siku ya kwanza. "Hii ni jela ama ni bodingi?"

Lakini kesho yake nilipotoka kazini nilimkuta ameshakaa mbele ya runinga, chai iko tayari kwenye chupa, ananingoja. Alisifu wanavyokunja blanketi. Alicheka, baba yangu huyu, mpaka akashika jicho. Kuna mahali nilianza kutafsiri akaninyamazisha kwa mkono, akasema anajua mtu huyo anaomba nini. Nikawa namtazama yeye kuliko runinga.

Katika tamthilia hiyo askari wawili ndio wanaoonekana sana. Mmoja ni mwema, huwapenyezea wafungwa peremende na habari za nyumbani. Mwingine ana rungu, na hahitaji sababu ya kulitumia. Kila nilipowaona swali lilinipanda kooni nikalimeza, maana niliogopa jibu. Mikono ya baba ndiyo iliyonifunga kamba za viatu siku yangu ya kwanza shuleni. Kabla ya kuoga ilikuwa imetoka kufanya nini?

Jumamosi moja mchana uvumilivu uliniisha. Yule wa rungu alikuwa amemvamia mfungwa mgonjwa, wenzake wamebanwa ukutani. Nikasimamisha picha.

"Baba, kati ya hawa, wewe ulikuwa yupi?"

Hakukasirika. Aliniita Mama, kama anavyoniita siku zote kwa sababu nina jina la mama yake, akaniomba nimshike mkono asimame. Alienda hadi kwenye runinga, uso karibu uguse kioo. Kidole chake kikampita askari mwema, kikampita wa rungu, kikatua pembeni kabisa, mlangoni. Hapo alisimama askari mwenye funguo ambaye sikuwa nimewahi kumwona, ingawa sikuwa nimeruka sehemu hata moja.

"Ni huyu."

"Mbona huyo hasemi kitu?"

"Hasemi," baba alijibu. "Lakini anaona yote."

Akarudi kitini polepole. Sikujua kama nilifarijika au niliumia, na hadi leo sijajua. Nilibonyeza, picha ikaendelea. Rungu lilipoinuka, sikuliangalia. Nilimkazia macho yule wa mlangoni, nikimwomba kimoyomoyo aseme neno, neno lolote. Baba naye alikuwa akimtazama yeye.