Gauni la Shambani

Kila ninapochemsha kitambaa kipya katika chai ya rangi ili kionekane kuukuu mbele ya kamera, mvuke wake hunirudisha Kilosa, kwenye ua wetu, miaka ile mitumba ilipoanza kujaa sokoni. Mbunifu wa mavazi wa filamu iliyokuwa ikipigwa upande wa Mikumi alikuwa amemwomba mama gauni lake la shambani, lililopauka na kuganda tope, amvishe mwigizaji aliyecheza mkulima. Alipolifuata kesho yake, alilikuta limefuliwa, limetiwa kiraka na kunyooshwa kwa pasi ya mkaa.

“Shikamoo, mama. Mbona umelifua? Nililitaka na tope lake.”

“Marahaba, mwanangu. Nguo ya kumpa mtu haitoki kwangu na tope.”

“Lakini huyu mama wa kwenye filamu yuko shambani.”

“Shambani sisi hatuendi kutazamwa. Mkitaka kututazama, tusubirini kwanza tuoge.”

Mgeni alicheka, kisha akalipokea gauni kwa mikono miwili.

Filamu ile sikuwahi kuiona. Wasaidizi wangu hushangaa kwamba nguo ya mkulima, kabla sijaipaka tope la kutengeneza, sharti kwanza niifue na kuipiga pasi.