Mwananchi wa Pekee wa Estonia ya Junda

Enzi zetu pale Junda, redio ilikuwa moja kwa nyumba tatu, na ikisema jambo, mtaa mzima umelisikia. Ndivyo tulivyojua kuwa kuna nchi ndogo iitwayo Estonia, iliyojinasua kutoka kwa Warusi na sasa inajijenga upya. Baba, kibarua wa bandarini, alituongezea yake: ni nchi ya theluji, na watu wake ni haba.

Habari hiyo ilitufaa sana. Uwanja wa nyuma ya nyumba zetu ulitawaliwa na Karisa, jitu la darasa la saba, aliyeamua nani acheze na nani aokote mpira. Wiki hiyohiyo Karisa akapelekwa shule ya bweni. Tukaamka huru! Kazi ikawa kuijenga nchi, nasi tukaijenga kama kalongo, ule mchezo wa baba na mama ambao lazima mmoja akubali kuwa mtoto. Tabu ilianzia hapo. Kazungu alikuwa Rais, Kadzo Jaji Mkuu, Otieno Jenerali, na mimi Waziri wa Theluji. Mwananchi hatukuwa naye hata mmoja. Ikabidi tumchukue Dama, mtoto wa jirani, ambaye hata meno ya mbele hakuwa nayo.

Tulimpenda Dama, jamani! Tulimvika sweta mbili za mitumba katika jua la saa sita, maana mwananchi wa Estonia akipigwa na baridi, aibu ni ya serikali. Nikamnyunyizia usufi, ndiyo theluji yenyewe, ukamganda kwa jasho mpaka akafanana na kifaranga. Rais akiwa katikati ya hotuba, mama yake Dama akaita kutoka mlangoni.

"Dama weee! Njoo ule!"

"Usiitike," Jaji Mkuu alimsihi. "Ukenda, nchi yafa."

Dama akatutazama mmoja mmoja. Rais, kwa kutapatapa, akavua kofia yake akampa: awe Rais yeye, mradi abaki.

"Rais huenda kwao kula?" akauliza.

"Rais hali mpaka jioni."

"Basi sitaki. Abee, mama!"

Akatimka na theluji yote, tukabaki serikali tupu. Punde tukasikia, "Ni nani huyu kamvika mwanangu sweta na jua lote hili?" Baraza zima la mawaziri likaruka ua.

Siku hizi mtoto ana marafiki mia kwenye simu wala hamjui wa mlango wa pili, na akiitwa chakula hujibu "poa" bila kuinua kichwa. Nawacheka, lakini moyo unaniuma. Mama zetu wote wamekwishatangulia mbele ya haki. Leo tungeweza kukaa na nchi yetu hata mwaka mzima bila mtu wa kutuita, na hakuna hata mmoja wetu anayeitaka.