Kiraka cha Buluu
Siku Gaudens, kiongozi wa kwaya, aliporudisha suruali yake, Candida alitamani ardhi ipasuke immeze. Suruali nyeusi, kiraka cha buluu, tena matakoni! Jumapili kanisa zima lilicheka, ila padri, aliyejifanya anakohoa.

Miaka ile ya Ujamaa vitambaa vilikuwa adimu madukani, na fundi wa viraka Kariakoo hakulala njaa. Candida, mjane kutoka Kilimanjaro, alishonea katika chumba cha ndani kisicho na dirisha, kwa mwanga wa kibatari. Mle ndani angeapa kwamba kitambaa kile ni cheusi. Sasa, mlangoni penye jua, kilikuwa buluu waziwazi. Mama yake alipofuka akiwa na umri kama wake, basi akajua zamu yake imefika. Fundi kipofu mjini atakula nini? Gaudens alipoondoka, akaanza kufunga mizigo arudi kwao, machozi yanamtiririka.

Bi Zeina, mwenye nyumba, Mwarabu mwenye maneno mengi na moyo mkunjufu, akamkuta.

"Unahama bila kuniaga?"

"Macho yangu yamekwisha, mama. Ona kiraka hiki."

Bi Zeina hakumpa pole. Aliichukua suruali, akaingia nayo chumbani, akaisogeza kwenye kibatari, akaikodolea mpaka pua nusura iungue.

"Cheusi tii! Hebu Kuruthumu, njoo!"

Kuruthumu, mpangaji wa chumba cha pili, akaja akatazama. Naye akaona cheusi.

"Basi nyumba nzima tumepofuka!" Bi Zeina akaangua kicheko. "Ewe Candida, kibatari ndicho kinachoificha buluu. Macho yako mazima!"

Candida akaketi juu ya mzigo wake, akacheka na kulia kwa pamoja.

Kesho yake Bi Zeina akaiondoa barazani meza yake ya kuuzia kashata, akaihamishia uani, ingawa huko wapita njia hawafiki. Cherehani ya Candida ikakaa pale barazani, kwenye mwanga. Candida alishona pale miaka na miaka, na shukrani ile haikumtoka moyoni.

Uzeeni, macho ya Bi Zeina ndiyo yaliyoingia ukungu kweli. Kila asubuhi Candida alimshika mkono, akamketisha barazani kando ya cherehani.

"Nani huyo anapita?"

"Gaudens."

"Suruali yake je?"

"Nyeusi, mama. Na kiraka cheusi."