Minyaa ya Jirani na Ukuta Wangu

Alhamisi, tarehe sita Novemba. Tangu asubuhi mawingu yamejikusanya upande wa Mwese, joto limebana, mvua yenyewe haikushuka.

Leo watu wa manispaa wamekuja kupima mpaka wa barabara hapa kwetu Makanyagio. Naandika kama ilivyokuwa, ingawa najijua niliamka na wivu, na huenda kuna mahali nimeona vibaya.

Nilichokuwa nakiogopa ni kibanda changu cha mbele, ninapokaangia maandazi na kuuza chai. Ndicho kinachotulisha. Mpima alishapita mara ya kwanza akasema kwa ramani yake kibanda kimo ndani ya barabara. Nikabisha. Tukakubaliana arudi na mwenyekiti wa mtaa, waangalie mpaka wa zamani.

Walianzia kwa jirani yangu. Yeye kiwanja chake kimezungukwa na ua wa minyaa, imenyooka, imempita mtu urefu. Mpima aliitazama, akachomeka bikoni, ile alama ya mpaka, kwa nje, basi. Hata kamba hakuivuta mara mbili. Roho iliniuma. Minyaa ile mbegu yake ilitoka kwangu. Alipohamia hapa ni mimi niliyemkatia vijiti, nikamfundisha aviache vikauke maziwa kwanza ndipo achomeke. Halafu mimi nikaja kuona minyaa ni mambo ya kishamba, nikaagiza yangu ikatwe, nijenge ukuta wa tofali za kuchoma. Niseme kweli, nilitaka yeye auone.

Kwangu mpima alisimama muda mrefu.

“Mama, ukuta sio ushahidi,” akasema. “Ukuta mtu anajenga popote. Miti iliyokuwepo iko wapi?”

Nikamwambia ilikatwa. Mwenyekiti akasema anakumbuka minyaa ilikuwepo, ila kuonyesha ilipita wapi hasa hawezi, asije akasema uongo. Nilimchukia kidogo. Lakini ningekuwa yeye ningesema hivyo hivyo.

Mpima akafungua kopo la rangi nyekundu, akaelekea kibandani. Jirani alikuwa kwenye kona yake, kanga kaifunga kiunoni, anatazama.

“Hebu subiri, mwanangu,” akamwambia. “Minyaa ya huyu dada haikung'olewa, ilikatwa tu. Chimbeni hapo kati ya kibanda na ukuta. Visiki vipo.”

Alijuaje? Siku ukuta unaanza mimi nilikuwa msibani Mishamo, na yeye ndiye aliyewapikia mafundi uji. Kumbe fundi aliogopa maziwa ya minyaa yasimwingie machoni, akakataa kuchimba mizizi. Akakata, akafukia visiki, akachimba msingi hatua moja mbele, upande wa barabara. Mimi niliporudi nikakuta ukuta umeshapanda, nikafurahi, sikuuliza kitu.

Wakachimba. Jembe likagonga kisiki, bado kibichi, kikatoa maziwa. Wakapata kingine, na kingine, mstari mzima. Mpima akavuta kamba juu yake. Kibanda kikabaki ndani, salama. Ukuta ndio ukawa barabarani. Akaupiga X mbili kubwa, akaniambia nibomoe mwenyewe ili tofali zangu nizichukue. Sikubisha. Ile hatua moja haikuwa yangu.

Walipoondoka jirani akanisogelea.

“Umepona, dada. Na mbegu ya minyaa ukiitaka, njoo nikukatie,” akasema, akacheka.

Mpaka sasa sijui alinicheka au alinifurahia. Nimeligeuza neno lile kila upande. Kuhusu ukuta angeweza kunyamaza, lakini asingeweza kutaja visiki bila ukuta kuonekana umevuka mpaka, hilo namkubalia. Mume wangu, aliyekuwa kando yangu, akaninong'oneza nimshukuru, nikamshukuru, sauti ikatoka ndogo. Nilikuwa naitazama minyaa yake kwa nyuma yake, ilivyosimama, hakuna hata kijiti kilichoguswa.

Najiuliza, kama ukuta ungekuwa kwake na minyaa kwangu, ningefungua mdomo? Nafikiri ningefungua. Labda ningengoja kwanza rangi imguse.

Jioni akatuletea bakuli la mlenda. Tumekula ugali na dagaa wa Karema, na huo mlenda wake. Mume wangu ameumaliza, akafuta bakuli kwa tonge la mwisho. Mimi nilionja. Ulikuwa mtamu kuliko wangu.