Mbuzi Ambao Sikuwapeleka Migwani

Tarehe sita Februari, saa nne asubuhi, lori liligonga pikipiki niliyokuwa nimempakia mke wangu na nusu gunia la ndengu, pale tunapoingilia barabara kuu karibu na Kiboko. Mimi nilichubuka mikono. Yeye alivunjika nyonga. Aliishi miezi saba zaidi, mingi yake kitandani, kisha akafa asubuhi moja nikiwa nimetoka kumchotea maji ya kuoga. Daktari alisema damu iliganda.

Kesi ya fidia aliifungua mwenyewe akiwa hai. Alitia sahihi karatasi za wakili akiwa amelala chali, nami nimemshikia kitabu kigumu chini yazo. Alisema wakimlipa atanunua kiti cha magurudumu. "Nikipona utakikalia wewe," akaniambia. "Unazeeka haraka kuliko mimi."

Baada ya mazishi nilikaa wiki kadhaa bila kwenda popote. Nilipika chakula cha watu wawili mara nyingi, si kwa kusahau, ila sikujua kipimo cha mtu mmoja. Kisha karani wa wakili akanipigia simu nifike Wote. Alisema kesi haifi na mwenyewe, lakini lazima mtu asimame mahali pake.

"Wewe ndiye mume, kwa hivyo ni wewe," akasema. "Niletee barua ya chifu wa kwao, ya kuonyesha familia inakubali."

Alikuwa tayari amepiga chapa hati ya kiapo. Nikaisoma polepole. Ilisema tulioana kwa mila ya Wakamba.

"Sikupeleka ntheo," nikamwambia.

Akacheka. "Mzee, unafikiri hakimu ataomba kuona mifupa?"

Kwetu, mwanamke huwa mke wako siku mbuzi wa ntheo wanapofika kwa wazazi wake na mmoja akachinjwa huko. Kabla ya hapo, hata mkiishi pamoja mpaka mvi, bado ni binti wa kwao. Tuliishi miaka kumi na tisa. Mwaka wa kwanza kiangazi kilimaliza mbuzi wangu. Baadaye nilikuwa nao, lakini nyumba ilivuja, tukanunua mabati. Hatukupata watoto, kwa hivyo hakukuwa na mtu wa kutusukuma. Yeye alinitania tu. Nikimwambia aoshe sufuria, alikuwa akijibu, "Mgeni haoshi vyombo. Mbuzi wangu wako wapi?"

"Wananenepa."

"Wananenepa au wanazeeka?"

Alipokufa, mama yake ndiye aliyesema azikwe kwangu, mambo ya mbuzi yangoje. Shemeji yangu, ndugu wa marehemu, hakupenda, lakini hakuzuia.

Sikutia sahihi ile hati ya karani siku ile. Nilisafiri hadi kwao, Migwani, nikilala njiani kwa binamu yangu. Katika ofisi ya chifu tulikuwa wanne: chifu, shemeji yangu, mama mkwe na mimi. Chifu alichukua karatasi akauliza jina la marehemu, kisha akauliza kama ndoa ilikuwa kamili.

"Ntheo ilitoka?"

Shemeji akaangalia viatu vyake. Mama mkwe akajibu haraka, "Ilitoka."

"Mwaka gani?"

"Ule wa mvua nyingi."

"Mlichinja nini?"

"Beberu mweupe," akasema. "Alikuwa na doa jeusi hapa shingoni. Alisumbua sana kumkamata."

Chifu akaanza kuandika. Niliona neno la kwanza likiingia kwenye karatasi. Kama ningekaa kimya dakika moja tu, ningetoka pale nikiwa mume wake kwa mhuri wa serikali, na hakuna kitu nilichokitaka kuliko hicho. Kilichonifanya niseme si wema. Nilishindwa tu kumsikiliza mama huyo, mtu wa kanisa maisha yake yote, akimpaka rangi mbuzi ambaye mimi ndiye niliyepaswa kumleta.

"Mama, nisamehe," nikasema. "Hakukuwa na beberu."

Kalamu ikasimama. Chifu akanitazama. "Wewe mzee unajichongea?"

"Miaka kumi na tisa ulikuwa bubu," shemeji akasema. "Leo ndiyo umepata mdomo?"

Nikasema naweza kuwaleta hao mbuzi hata wiki ijayo. Nilikuwa nao wanane nyumbani.

"Ulete mbuzi," shemeji akaniuliza, "umchukue nani?"

Mama mkwe alitazama nje dirishani. Chifu akaikunja ile karatasi, akachukua nyingine, akaandika kwamba marehemu alikuwa hajaolewa na kwamba mama yake ndiye atakayefuata mali na madai yake yote. Nikapewa nakala niipeleke kwa wakili, maana mimi ndiye niliyekuwa narudi upande huo.

Karani aliisoma akatikisa kichwa. Akasema tungeweza kupigania, kwamba korti wakati mwingine hukubali watu walioishi pamoja muda mrefu. Nikamwambia sitapigana na mama yake. Akabadilisha hati, jina la mama likaingia juu, na langu likashuka kwenye orodha ya mashahidi.

Kesi ilisikizwa huko Makueni. Mama mkwe alikuja peke yake. Askari wa korti alituonyesha benchi moja kwenye varanda, nikakaa mwisho mmoja. Pale katikati palikuwa na nafasi ya watu watatu. Kwetu mama mkwe hakai karibu na mume wa binti yake. Ni heshima kati yao. Alisimama kidogo akiangalia ile nafasi. Kisha akaenda akakaa mwisho ule mwingine, akaweka mkoba wake kando yake upande wangu, akanigeuzia bega.

Tulikaa hivyo mpaka tulipoitwa.