Usimwambie "Nitawahi"

Siku ninayoikumbuka mimi, mwanangu, ilikuwa Jumamosi ya mvua hapa hapa Birmingham, mwanzoni mwa ile miaka ya elfu mbili, wakati magoti yangu yalikuwa bado yananitii na ngazi za basi nazipanda mbilimbili. Hebu keti. Na hiyo simu iweke mfukoni, haitakimbia.

Siku hizo nilikuwa nawahudumia wazee majumbani mwao, kule Kings Heath. Unamwogesha huyu, unampikia, unampa dawa zake, unatoka mbio kwenda kwa mwingine. Mmoja wao alikuwa Mmarekani, Mzee Otis, aliyefiwa na mkewe Mwingereza na kubaki peke yake katika kijumba nyuma ya maduka. Kila asubuhi nilimkuta kwenye kiti chake dirishani, anatazama kituo cha basi. Nikasema moyoni, wazee wengine hupenda ndege, huyu wangu anapenda mabasi.

Jikoni kwake kulikuwa na kikombe kikubwa, kile wanachopewa washindi, naye alikitilia vitunguu. Siku moja nikamuuliza amekiokota wapi.

"Nilikuwa bingwa," akasema, kama mtu anayekwambia aliwahi kuugua surua.

"Bingwa wa nini?"

"Wa mbio za magari. Kwetu, zamani, mchezo ulipokuwa bado mchanga."

Nilicheka, Mungu anisamehe, maana mzee huyo hakuwa hata na baiskeli. Dukani alikwenda kwa miguu, hospitali kwa basi. Bingwa gani wa magari anasimama foleni ya basi na mwavuli?

Nilipofika nyumbani nikamsimulia mume wangu, Abdi. Wee, ungemwona! Karibu aruke mpaka darini. Abdi, Mungu amrehemu, alilelewa Nakuru kama mimi, mtoto wa muosha malori, na magari ya mbio za Safari yalipopita alikuwa akitoroka shule akapigwe na vumbi lao. Ukimwambia aoge alikataa, ati vumbi la mabingwa halioshwi. Hapa Ulaya akaishia kuendesha teksi, anabeba walevi na kutapikiwa viti. Lakini Jumamosi alikwenda kwenye uwanja mmoja wa duara, akashindana kwa gari bovu alilolikarabati mwenyewe, na watu wakapiga kelele jina lake, ijapokuwa walilitamka vibaya. Nilikuwa namnung'unikia, lakini nilimwelewa. Siku sita alikuwa dereva wa watu, siku ya saba alikuwa mtu.

Basi Jumamosi hiyo ya mvua uwanja ulifungwa kwa maji, naye akanifuata kazini na sambusa kwenye sahani, kama anayekwenda kuposa. Akakaa chini mbele ya Mzee Otis, zuliani kabisa, akamwambia, "Mzee, nifunze."

Mzee akaanza kueleza, polepole, kwa Kiingereza chake cha kuvutavuta. Zama zao hapakuwa na magari yaliyoundwa kwa ajili ya mashindano. Mtu alishindana kwa gari lake la nyumbani, lile lile la kumpeleka mke sokoni na watoto kanisani. Milango waliifunga kwa mshipi wa suruali, isije ikafunguka kwenye kona. Walizunguka kwenye udongo mwekundu mpaka dereva haoni mbele, na mwisho wa mashindano, kama gari bado lina magurudumu manne, analirudisha nyumbani kwa barabara. Binti yake Ruth, wa miaka saba, ndiye aliyekuwa akimfungia baba yake ule mshipi. Jumapili mlango ulikuwa umeshapinda haufunguki, kwa hiyo Ruth akaingia garini kwa dirishani, na gauni lake la kanisani, anacheka.

"Na ulishindaje?" Abdi akauliza.

"Wenzangu waliua matairi mwanzoni. Mimi nilikuwa nayachunga."

"Kawia ufike," nikasema mimi kutoka jikoni, nikamfasiria mzee, naye akasema huo ndio ubingwa wote, mengine ni petroli.

Abdi akang'aa. Akamwambia kwamba msimu huu yeye ndiye anayeongoza, na Jumamosi ijayo ni mashindano ya mwisho. Akishinda, kikombe ni chake. Hapo nikashindwa kunyamaza. Unanijua mimi. Nikatoka jikoni na kisu cha vitunguu mkononi, nikasema, "Mwambie na mzee Jumamosi ijayo kuna nini kingine."

Jumamosi hiyo, mwanangu, binti yetu Nasra alikuwa anakhitimu Kurani. Alikuwa na miaka tisa. Miaka mitatu alipanda ngazi za madrasa pale Sparkhill, juu ya duka la vitambaa, baridi na mvua, mpaka akaumaliza msahafu. Siku ya kukhitimu mtoto huketi mbele ya watu asome, na baba yake hukaa ubavuni pake. Nasra alikuwa ameshachagua kanzu ambayo baba yake angevaa. Aliipiga pasi mwenyewe, akaunguza kola kidogo, akalia.

"Mashindano yanaisha alasiri," Abdi akasema. "Nimeshamwambia nitawahi."

Mzee Otis akairudisha sambusa kwenye sahani. Akatazama nje, kwenye kituo cha basi. Kisha akasema, "Mimi nilisema kabla jua halijazama."

Ilikuwa siku ya mwisho ya msimu wake pia. Mke wake alikuwa mjamzito, miezi haijatimia, na asubuhi alimwambia hajisikii vizuri. Gari lilikuwa hilo moja. Akambusu, akamwambia, "Nitarudi kabla jua halijazama," na Ruth akafunga mshipi. Adhuhuri uchungu ukamshika mama. Akapita jirani na lori lake la maziwa, akasema pandeni niwafikishe kwa daktari mjini. Mama akasema hapana, asante, lori litanirusha, na mume wangu yuko njiani na gari. Ruth naye akadakia, "Baba ameahidi." Jirani akaenda zake. Mtoto akavuta kiti, akakaa dirishani kutazama barabara.

Otis alishinda. Wakambeba juu, wakampiga picha, wakamwimbia, wakampa kile kikombe, na jua likazama amekishika mkononi. Alipofika nyumbani akamkuta Ruth bado yuko dirishani, paji la uso kwenye kioo, na chumbani nyuma yake kimya. Mama amekwenda, na kitoto chake naye.

"Ningemwambia sirudi mpaka usiku," mzee akasema, "angepanda lile lori."

Nilikuwa bado nimeshika kisu, na machozi yananitoka, wala si ya vitunguu.

Mzee hakuendesha tena gari tangu siku hiyo. Ruth alichukuliwa na dada wa mama yake, akakataa kumwona. Yeye akavuka bahari, akaja kufanya kazi viwandani hapa Birmingham, akaoa tena, akaunganisha magari ya watu wengine mpaka akazeeka. Ruth naye alikuwa ameshakuwa bibi. Alikuwa amempigia simu mara moja tu, akamwambia atakuja kumtazama siku moja. Siku yenyewe hakuitaja. Ndipo nilipoelewa kile kiti na kile kituo cha basi. Kumbe sikujua kitu, nami nilikuwa nikimwogesha kila siku.

Kisha akamgeukia Abdi. Maneno haya ninayo kama yalivyo.

"Kijana, kashindane au kaa na mwanao, mimi si baba yako. Lakini ukienda kushindana, mwambie huji. Mtoto akiambiwa hapana atalia, atakula, atalala. Ukimwambia nitawahi, umemweka dirishani, na huko dirishani hakuna wa kumtoa ila wewe."

Tulirudi nyumbani. Abdi alifuta kioo cha gari ambacho hakikuwa na ukungu. Nilidhani neno limemwingia. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, tunasema, lakini Abdi alisikia, mwanangu! Alisikia vizuri sana. Jumamosi asubuhi Nasra akamshika mkono mlangoni, akamuuliza, "Baba, utakuja?" Nikamwona mume wangu anafungua mdomo. Nikamwona anatafuta lile neno lingine, lile la hapana. Macho ya mtoto yakamshinda.

"Nitawahi, mama," akamwambia.

Kumwambia mtoto hapana kunataka moyo. Nitawahi ni neno tamu, linamtuliza mtoto papo hapo, na linamtuliza zaidi yule anayelisema.

Madrasa ilijaa. Akina mama walikuja na pilau, vijana wamependeza, ustadh amevaa joho. Zamu ya Nasra ilipofika akaomba mwenzake atangulie. Ustadh akakubali. Akaomba na wa pili atangulie. Alikuwa ameketi karibu na dirisha, anatazama Stratford Road, basi juu ya basi, na pembeni pake mto mtupu wa baba yake na ile kanzu imekunjwa juu yake. Ngojangoja huumiza matumbo. Nami nilikuwa naye chumba kimoja nisiweze kumsaidia. Mwisho ustadh akamwambia kwa upole, "Binti yangu, watu wana njaa." Akasoma. Sauti haikutoka vizuri, yeye aliyekuwa na sauti ya kupendeza kuliko wote.

Abdi alifika tunakunja mikeka. Tope mpaka masikioni, kikombe mkononi, anahema. Alikuwa ameshinda.

"Nasra! Mama! Tazama!"

Nasra akakitazama kikombe, akamtazama baba yake, akatabasamu kama watu wazima wanavyotabasamu. "It's okay, Dad," akasema.

Tangu siku hiyo hakumjibu tena baba yake kwa Kiswahili. Mimi nilijibiwa Kiswahili, shangazi zake walijibiwa Kiswahili. Abdi akimwuliza kwa Kiswahili, jibu linarudi kwa Kiingereza, la adabu, fupi. Hakuna matusi, hakuna mlango uliobamizwa. Ningependa hata angeubamiza. Abdi hakushindana tena mwaka uliofuata, lakini maji yakimwagika hayazoleki, na kile kikombe kikaishia bandani, kikiwekwa misumari.

Mzee Otis aliniuliza Jumatatu, "Aliwahi?" Nikatikisa kichwa. "Maskini mtoto," akasema, akageukia dirisha lake. Alikufa miaka miwili baadaye, kitini hapo hapo, na Ruth hakuwa amekuja.

Nakaribia mwisho, vumilia. Tulihamia Great Barr, Nasra akakua, akasoma, akapata kazi London na watoto wawili. Abdi akashikwa na maradhi ya figo. Alipolazwa mara ya mwisho alikuwa akiulizia jambo moja tu, Nasra anakuja lini. Ijumaa ile tangu asubuhi amelalia ubavu wa kushoto, ule unaotazama mlango, shingo imekakamaa, na kila muuguzi akipita anainua kichwa. Simu yangu ikalia.

"Mama, mwambie Baba leo siji. Nimebanwa na kazi, siwezi kuondoka. Nitakuja Jumapili."

Damu ilinichemka! Baba yako yuko mahututi na unaniambia kazi? Nikakata simu na moyoni nimeshatunga uongo wangu mzuri: nitamwambia yuko njiani. Lakini Abdi alikuwa ananitazama usoni.

"Amesemaje?"

Nikashindwa. "Amesema leo haji. Mpaka Jumapili."

"Amesema hivyo? Haji?"

"Haji."

Akafumba macho, machozi yakateremka mpaka kwenye mto. Nikajua nimemuua. Kisha nikamsikia anapumua, pumzi ndefu ambayo sikuwa nimeisikia kwa wiki nzima.

"Mshukuru," akasema. "Mimi sikuweza kumfanyia hivyo. Nigeuze basi, mke wangu, nisitazame mlango."

Nikamgeuza. Akalala usingizi wa kweli, mdomo wazi, kama alivyokuwa akilala Nakuru tulipokuwa wachanga wa ndoa. Jumapili hakuifikia.

Watu matangani walimsema sana Nasra, na wengine walikuja kunisemea mimi usoni, mtoto gani huyu. Nikawafukuza, nikawaambia wanywe chai waende zao. Kwa sababu nilikuwepo alipofika na kupiga magoti penye sanda ya baba yake. Aliweka paji la uso kifuani pake, akasema, "Nimekuja, Baba. Nimekuja." Kwa Kiswahili, mwanangu, kile kile cha mtoto wa miaka tisa.

Basi nakwambia wewe, uliyekuja kunisalimia leo na kuniambia mkeo amekukasirikia na mtoto wako anakusubiri jioni mpirani. Ahadi ni deni, mnaimba hivyo tangu shule, lakini deni lina siku ya kulipwa. Mtoto anayesubiri hana siku. Ukiweza kwenda, nenda, na ufike kabla hajaanza kukutazamia. Usipoweza, chukua simu sasa hivi umwambie siji, na ukae ukisikie hicho kilio chake, ni haki yako kukisikia. Usimwachie mtu dirisha.

Mungu akupe kinywa kisichoogopa hapana. Akupe na miguu ya kufikia ndiyo yako. Wanao wakujibu kwa lugha uliyowabembelezea, mpaka siku watakayokuvika sanda. Amina. Haya, itoe hiyo simu, umpigie mwanao.